Bunduki za Bulipapu za Jeshi la Uingereza: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Ukurasa huu umekusanya maswali yanayorudiwa sana na wasomaji wa historia ya silaha kuhusu bunduki fupi za Uingereza, kuanzia majaribio ya mwanzo wa karne ya 20 hadi SA80 inayotumika sasa. Kila jibu linaweza kusomwa peke yake, na pale ambapo jambo limekwisha kuelezwa kwingine, msomaji ameelekezwa huko.

## Mambo ya msingi

Bulipapu ni bunduki ya namna gani?

Ni bunduki ambayo magazini na mtambo wake wa kupigia risasi vimewekwa nyuma ya triga, ndani ya kitako. Katika bunduki ya kawaida kitako ni kipande cha mbao au plastiki kinachoegemea begani na kazi yake karibu inaishia hapo. Katika bulipapu nafasi hiyo hiyo inabeba bolti, springi, nyundo na chemba ya risasi. Kwa hiyo mtutu unaanzia nyuma kabisa, karibu na shavu la mpigaji, na bunduki nzima inafupika bila mtutu wenyewe kukatwa.

Vipimo vya bunduki mbili zilizofuatana katika Jeshi la Uingereza vinaonyesha jambo hilo vizuri. L1A1, iliyojulikana kwa askari kama SLR, ilikuwa na urefu wa milimita 1,143 na mtutu wa milimita 533. L85 iliyochukua nafasi yake ina urefu wa milimita 785 na mtutu wa milimita 518. Mtutu umepungua kwa milimita 15 tu, ilhali bunduki imepungua kwa zaidi ya sentimita 35.

Kwa nini mtutu mrefu ubaki, kama lengo ni bunduki fupi?

Kwa sababu risasi hupata mwendo wake ndani ya mtutu, wakati gesi ya baruti ikiendelea kuisukuma. Risasi ndogo ya milimita 5.56, inayotumiwa na L85, inategemea kasi kuliko uzito, hivyo mtutu ukifupishwa sana inapoteza sehemu ya nguvu iliyoifanya ichaguliwe. Wakati huo huo, askari wa miguu wa Uingereza katika Vita Baridi alitarajiwa kusafiri ndani ya magari ya deraya kama FV432, na baadaye Warrior, kushuka haraka kupitia mlango wa nyuma, kupanda helikopta na kupigana ndani ya nyumba. Bulipapu iliahidi kumpa mambo yote mawili kwa pamoja, na kwa upande wa vipimo ahadi hiyo ilitimia.

Mpangilio huu una hasara gani?

Zipo kadhaa, na nyingine haziondoki hata bunduki ikitengenezwa kwa ustadi. Triga iko mbele na nyundo iko nyuma, kwa hiyo lazima kuwe na kiungo kirefu cha kuziunganisha, na kiungo hicho kwa kawaida hufanya triga iwe nzito na isiyo na mguso dhahiri. Kubadilisha magazini hufanyika karibu na kwapa, mahali ambapo jicho halifiki kwa urahisi na mkono hukunjika vibaya, hasa askari akiwa amelala kifudifudi. Uzito hulalia nyuma. Maganda ya risasi hutoka karibu na uso, jambo linalozaa tatizo la wanaotumia mkono wa kushoto ambalo limeelezwa katika sehemu ya mwisho.

Majina kama EM-2, SA80 na L85A2 yanasomwaje?

EM ilisimama badala ya mfano wa majaribio. SA80 ni jina la mradi mzima wa silaha ndogo za miaka ya 1980, si la bunduki moja. Herufi L na namba inayoifuata hutambulisha silaha ndani ya mfumo wa jeshi: L85 ni bunduki ya askari, L86 ni silaha nyepesi ya kusaidia kikosi. A1, A2 na A3 ni matoleo yanayofuatana ya silaha ile ile. Ukikuta XL, fahamu kwamba silaha hiyo ilikuwa bado katika majaribio.

## Kabla ya SA80

Bulipapu ya kwanza ya Uingereza ilikuwa ipi?

Kabini ya Thorneycroft ya mwaka 1901 ndiyo hutajwa mara nyingi. Ilikuwa bunduki ya bolti ya kuvuta kwa mkono, fupi kuliko Lee-Enfield ya wakati ule, na mtambo wake ulirudishwa nyuma ndani ya kitako. Jeshi liliijaribu likaikataa, kwa kuwa iliupiga teke bega kwa nguvu na haikuwa rahisi kuishika. Kwa bunduki ya bolti hoja hiyo ilikuwa na uzito: askari alilazimika kuvuta na kusukuma mpini uliokuwa karibu na uso wake kila baada ya risasi moja. Wazo lenyewe lilihitaji bunduki inayojijaza ili lipate maana.

EM-2 ilikuwa bunduki gani?

Ni bunduki iliyobuniwa Enfield, kaskazini mwa London, baada ya Vita Kuu ya Pili. Kazi hiyo iliongozwa na Stefan Janson, mhandisi mzaliwa wa Poland, mmoja wa Wapolandi wengi waliobaki Uingereza wakiendelea na kazi za kijeshi. Ilikuwa na urefu wa milimita 889 na mtutu wa milimita 623, maana yake ni kwamba mtutu wake ulikuwa mrefu kuliko ule wa SLR ingawa bunduki yenyewe ilikuwa fupi kwa karibu robo mita. Ilifyatua risasi moja moja au kwa mfululizo. Juu yake kulikuwa na mpini wa kubebea wenye kilenga cha kioo ndani yake, na hili lilikuwa jambo geni sana kwa bunduki iliyokusudiwa kupewa kila askari.

Kilichoitofautisha zaidi ni risasi yake. Waingereza walikuwa wamejifunza vitani kwamba mapambano mengi ya askari wa miguu hutokea katika umbali mdogo kuliko ule uliokusudiwa na risasi kubwa za zamani. Wakaunda risasi ya .280, yenye kipenyo cha milimita 7 na ganda la milimita 43, ambayo teke lake lilivumilika hata bunduki ikipiga mfululizo huku ikibaki na nguvu ya kutosha kwa umbali wa kawaida wa vita. Bunduki na risasi vilibuniwa pamoja, kila kimoja kikimtegemea mwenzake, na hapo ndipo palipokuwa na nguvu ya mradi na pia udhaifu wake.

Ikiwa EM-2 ilikubaliwa rasmi mwaka 1951, kwa nini askari hawakupewa?

Serikali ya chama cha Labour, chini ya Clement Attlee, ilitangaza mwezi Aprili 1951 kwamba EM-2 ingekuwa bunduki ya jeshi, nayo ikapewa jina rasmi la Rifle No. 9. Lakini nchi za NATO zilikuwa zinatafuta risasi moja ya pamoja, na Marekani ilishikilia kwamba risasi hiyo lazima iwe na nguvu zinazokaribiana na ile ya .30 iliyotumia vitani. Majaribio yaliyofanyika Marekani mwaka 1950 hayakuwaridhisha wakubwa wa jeshi lake kuhusu .280.

Oktoba 1951 Winston Churchill alirudi madarakani. Kwake umoja wa NATO na urafiki na Washington vilikuwa na thamani kubwa kuliko bunduki moja, naye akaurudisha nyuma uamuzi wa waliomtangulia. NATO ikachukua risasi ya 7.62 yenye ganda la milimita 51, na mwaka 1954 Uingereza ikachagua bunduki ya FAL ya Ubelgiji, iliyogeuzwa kuwa L1A1. Ziko EM-2 zilizotengenezwa upya kwa risasi hiyo kubwa, ila mtambo ulikuwa umepimwa kwa risasi nyingine na haukuwa na nafasi ya kuivumilia vizuri.

Kwa hiyo si sahihi kusema EM-2 ilikataliwa kwa sababu ilishindwa kazi. Risasi yake ilishindwa katika mazungumzo ya mataifa, na bunduki ikaondoka nayo. Miaka isiyozidi 15 baadaye Marekani yenyewe iliiacha 7.62 kwa askari wake wa kawaida, ikahamia 5.56 iliyo ndogo hata kuliko .280. Wapenzi wa EM-2 hawachoki kulitaja hilo, na ni vigumu kuwalaumu.

Je, EM-2 ingekuwa bora kuliko SLR?

Hakuna anayeweza kuthibitisha, kwa kuwa haikupelekwa vitani wala haikutengenezwa kwa wingi. Tunachoweza kusema ni kwamba EM-2 ilikuwa na sehemu nyingi zilizochongwa kwa usahihi mkubwa, na kuzitengeneza kwa maelfu ya maelfu kungekuwa ghali. SLR ilikuwa ndefu na teke lake kali, lakini askari waliiamini. Imani hiyo ndiyo kipimo kilichoiumiza SA80 miaka thelathini baadaye.

SA80 ni mtoto wa EM-2?

Kwa umbo ndiyo, kwa mtambo hapana. Zote mbili zilizaliwa Enfield, zote ni bulipapu, na zote zilikusudiwa kutumia kilenga cha kioo kama kifaa cha kawaida cha askari. Lakini bolti ya EM-2 ilijifunga kwa vibawa viwili vinavyofunguka pembeni, wakati ile ya SA80 hujifunga kwa kuzunguka. Hakuna sehemu ya chuma iliyorithiwa.

## Kubuniwa kwa SA80

Mradi ulianza vipi, na risasi ya 4.85 ilitoka wapi?

Mwanzoni mwa miaka ya 1970 Enfield ilirudi kwenye bulipapu, safari hii ikiwa na wazo la risasi ndogo zaidi. Mwaka 1976 Uingereza ilionyesha hadharani silaha mbili za majaribio, XL64 ya askari na XL65 ya kusaidia kikosi, zote zikitumia risasi ya milimita 4.85. Risasi hiyo iliingizwa katika majaribio ya NATO yaliyoanza mwaka 1977. Mwaka 1980 NATO ikachagua 5.56 ya Ubelgiji iitwayo SS109.

Safari hii Waingereza hawakugomba. Kuna ushahidi wa kutosha katika muundo wenyewe kwamba walijua matokeo mapema: ganda la 4.85 lilitokana na lile la 5.56, kwa hiyo kubadilisha bunduki hakukudai kuanza upya. Somo la mwaka 1951, lililoelezwa juu, halikuwa limesahaulika.

Ni kweli mtambo wake umenakiliwa kutoka AR-18?

Kwa kiasi kikubwa, ndiyo. Pistoni fupi ya gesi, bolti inayozunguka ndani ya kibebeo kinachoteleza juu ya vyuma viwili vya kuongozea, na mwili wa bati lililofinyangwa na kuchomelewa ni mambo yanayofahamika kwa yeyote aliyefungua AR-18, bunduki ya kampuni ya ArmaLite ya Marekani. Bunduki hiyo ilikuwa ikitengenezwa kwa leseni na kampuni ya Sterling huko Dagenham, si mbali na Enfield, na miongoni mwa mifano ya kwanza ya majaribio zilikuwemo AR-18 zilizogeuzwa kuwa bulipapu.

Kunakili hakukuwa kosa. AR-18 ilikuwa na mtambo mzuri, na bunduki nyingi za baadaye zimeutumia bila matatizo makubwa, ikiwemo G36 ya Ujerumani. Swali linalofaa ni kwa nini mtambo mzuri ulitoa bunduki mbaya, nalo linajibiwa katika sehemu inayofuata.

Familia ya SA80 ina silaha gani?

L85 ndiyo bunduki ya askari, iliyoanza kutolewa jeshini mwaka 1985. L86 ina mtutu mrefu zaidi, wa milimita 646, pamoja na miguu miwili ya kuegemea. L98 ni ya vijana kadeti. Toleo lake la kwanza halikuwa na mfumo wa gesi, kila risasi ilivutwa kwa mkono, na toleo la A2 lililofuata hujijaza lenyewe bila kupiga mfululizo. L22 ni kabini yenye mtutu wa milimita 318, iliyotengenezwa kwa ajili ya wafanyakazi wa vifaru na wa helikopta, ambao wakilazimika kutoka haraka hawana nafasi ya silaha kubwa.

Kwa nini L86 haikudumu kama rashasha ya kikosi?

Ilikuwa na shabaha nzuri kupita kiasi kwa kazi iliyopewa. Rashasha ya kikosi hutakiwa kumwaga risasi kwa muda ili adui asiinue kichwa, lakini L86 ilitumia magazini ya risasi 30 na mtutu wake haukuweza kubadilishwa ukipata moto. Jeshi lilipoanza kununua Minimi ya Ubelgiji, inayolishwa kwa mkanda, L86 ikabaki kwa wapigaji wa shabaha wa kikosi, kazi ambayo pengine ingeifaa tangu mwanzo.

## Matatizo na marekebisho

Matatizo ya L85A1 yalikuwa yapi hasa?

Orodha ni ndefu. Kitufe cha kuachia magazini kilikuwa kikubwa na kiko upande wa kushoto, ambapo bunduki ikining'inia kifuani kiligusana na mikanda ya askari, na magazini ikaanguka bila yeye kujua. Baadaye kiliwekewa ukingo wa kukilinda. Plastiki iliharibiwa na dawa ya kufukuzia wadudu ambayo jeshi hilo hilo liliwagawia askari. Pini za kufyatulia zilivunjika, mwili wa bati ulishika kutu kwa urahisi, magazini za mwanzo hazikuwa imara, na mtambo ulihitaji usafi ambao mazingira ya vita hayakuruhusu.

Vita vya Ghuba vya mwaka 1991 vilianika yote hayo katika mchanga wa jangwani. Ripoti ya ndani ya jeshi kuhusu utendaji wa silaha ilivuja baada ya vita, na tangu hapo jina la SA80 likawa mzaha katika magazeti ya Uingereza. Lawama nyingine zilitiwa chumvi, hasa dai kwamba bunduki haikuweza kumaliza magazini moja, lakini kwa msingi wake malalamiko yalikuwa ya kweli.

Ni mpangilio wa bulipapu uliosababisha matatizo hayo?

Hapana, na hili ndilo kosa linalorudiwa zaidi katika mijadala. Ukipitia orodha iliyo juu, utaona kwamba karibu kila kasoro ingeweza kutokea katika bunduki ya kawaida: plastiki isiyofaa, springi dhaifu, pini inayovunjika, magazini mbovu. AUG ya Austria na FAMAS ya Ufaransa, zote bulipapu za miaka ya 1970, hazikupata aibu kama hiyo.

Chanzo kiko kiwandani na serikalini. Kiwanda cha kifalme cha Enfield kilikuwa kinatayarishwa kuuzwa wakati bunduki ikikamilishwa. Royal Ordnance, shirika lililokimiliki, liliuzwa kwa British Aerospace mwaka 1987, na Enfield kikafungwa mwaka uliofuata huku utengenezaji ukihamia Nottingham. Wafanyakazi waliojua kazi yao inakwisha walikuwa wanatengeneza silaha mpya kwa mbinu ya bati lililofinyangwa, mbinu ambayo mafundi wa Enfield, wenye sifa ya uchongaji wa chuma, hawakuizoea kiasi hicho. Gharama ilibanwa, na kasoro zilizoonekana katika majaribio hazikusubiriwa zitibiwe. Bunduki iliyobuniwa kwa akili ilitengenezwa katika wakati mbaya kabisa wa kutengeneza bunduki.

Heckler & Koch ilibadilisha nini katika A2?

Kampuni hiyo ya Ujerumani wakati huo ilikuwa mali ya BAE Systems, iliyorithi British Aerospace, na mwaka 2000 ilipewa kazi ya kurekebisha takriban bunduki 200,000. Ilibadilisha bolti, kikucha cha kutolea ganda, pini ya kufyatulia, nyundo, springi, sehemu za gesi na magazini. Mpini wa kuvutia ulipewa umbo jipya linalosukuma maganda mbali yasigonge na kurudi ndani. Kwa nje bunduki ilionekana ile ile, ila kwa ndani ilikuwa nyingine.

Gharama ilikuwa takriban pauni milioni 92. Makomando wa Royal Marines walilalamika tena Afghanistan mwaka 2002, na uchunguzi ukaelekeza kidole zaidi kwenye namna ya kusafisha na kupaka mafuta. Baada ya hapo A2 ilitumika miaka mingi Iraq na katika jimbo la Helmand, Afghanistan, na malalamiko ya kukwama yakapungua sana. Haikuwa bunduki nyepesi, lakini ilifanya kazi.

A3 inatofautianaje na A2?

Haikugusa sana mtambo. Ina reli ndefu juu ya kuwekea vilenga, kikingio kipya cha mkono wa mbele, na rangi ya kahawia badala ya nyeusi.

## Maswali ya pembeni

Anayetumia mkono wa kushoto hufanyaje?

Hujifunza kupiga kutoka bega la kulia. Maganda hutoka kulia, na mpini wa kuvutia uko kulia na husogea nyuma na mbele pamoja na bolti kila risasi inapotoka. Anayeegemeza bunduki bega la kushoto angeupokea usoni. Katika hatua ya majaribio kulikuwa na toleo la mkono wa kushoto, lakini halikuingizwa jeshini. AUG na FAMAS zinaweza kubadilishwa upande wa kutolea maganda, kwa hiyo hili lilikuwa chaguo la Waingereza. Lina madhara hata kwa wanaotumia mkono wa kulia, kwani askari aliyejificha nyuma ya kona ya kushoto ya ukuta hulazimika kujitokeza zaidi ili apige.

Kwa nini vikosi maalumu vya Uingereza havitumii SA80?

Vilichagua L119, ambayo ni C8 ya Kanada yenye muundo wa AR-15, bunduki ya Kimarekani yenye umbo la kawaida. Vinajali bunduki inayotumika kwa mabega yote mawili, magazini inayobadilishwa haraka na vifaa vingi vinavyopatikana sokoni. Mwaka 2023 kikosi cha Ranger nacho kilichaguliwa bunduki ya muundo huo huo, L403.

Bunduki hizi huonekana Afrika Mashariki?

Ndiyo, kwa sababu moja kubwa. Jeshi la Uingereza lina kituo cha mafunzo Nanyuki, Kenya, kijulikanacho kama BATUK, na vikosi vinavyokuja kwa mazoezi Laikipia na maeneo jirani huja na SA80 zao.

Raia anaweza kununua SA80?

Kwa Uingereza, kwa kawaida hapana. Baada ya mauaji ya Hungerford ya mwaka 1987, sheria ya mwaka 1988 iliwakataza raia kumiliki bunduki za risasi kubwa zinazojijaza.

Bulipapu inakwisha duniani?

Inapungua. Ufaransa ilianza kuiacha FAMAS mwaka 2017 kwa kuchukua HK416, New Zealand iliiacha AUG, na China imeingiza QBZ-191 yenye umbo la kawaida baada ya miaka mingi ya QBZ-95. Kwa upande mwingine Australia bado imeshikilia AUG iliyoboreshwa, na Israel inaendelea kutengeneza Tavor. Sababu kuu ya kupungua ni kwamba risasi za kisasa hupoteza kidogo katika mtutu mfupi kuliko zamani, na vitako vinavyovutwa na kurudishwa vimeifupisha bunduki ya kawaida.

Uingereza itaiacha SA80 lini?

SA80 imepangiwa kuondoka karibu na mwaka 2030, na mradi wa kuibadilisha unaitwa Grayburn. Hata ikiondoka kwa wakati, itakuwa imekaa jeshini kwa takriban miaka 45, zaidi ya SLR iliyoitangulia.